Lipa kidogo kidogo bila kukaushwa damu: mwongozo kwa sisi wa Kigoma

Jamani wana Kigoma, tuongee hili la kuchukua kitu leo alafu ulipe baadae, mana saivi ukipita Mwanga kuna meza ina mwamvuli na kijana anakuita dada njoo uondoke na simu kwa kianzio kidogo tu, ukifungua simu yako nayo kuna meseji inakuambia mkopo wako uko tayari, na mtu ambae usiku huo hana unga ndani hawezi kukaa anasoma vigezo na masharti, anabonyeza kukubali basi. Mimi sina ugomvi na hizi huduma, zinasaidia watu, vijijini huko kuna nyumba zimepata taa ya kwanza ya maana kwa sola ya kulipia kidogo kidogo na watoto wanasoma usiku. Ila kuna namna ya kuzitumia na watu wengi hawaelekezwi, wanaambiwa kianzio tu, mengine wanakuja kuyajua simu imeshafungwa au hela ya mteja imeshakatwa.

Nianze na kitu ambacho hukikuti kwenye maelezo ya apu yoyote. Apu haijui mwezi. Namaanisha mwezi wa angani huu. Huku kwetu dagaa wanavuliwa usiku kwa taa, kipindi cha giza mitumbwi inatoka Kibirizi, inatoka Katonga, asubuhi hela inaonekana, anaeanika anapata, anaebeba anapata, mama ntilie anauza, boda anapakia, mwenye duka anamaliza unga. Mbalamwezi ikishika taa hazivuti dagaa kama inavyotakiwa, mitumbwi inapumzika, na mji unapoa mpaka kwa fundi nguo ambae hajawahi hata kushika wavu. Sasa apu imetengenezwa ikimfikiria mtu wa mshahara wa mwisho wa mwezi au mtu anaepata hela kila siku, inahesabu siku 7, siku 14, siku 30, kwake usiku wa mbalamwezi ni siku kama nyingine tu. Kwaiyo mtu anakopa giza lina wiki moja, mfuko umechangamka, anaona rejesho ni dogo, alafu tarehe ya kulipa inamkuta mitumbwi iko juu ya mchanga.

Ndio mana nasema kabla hujaangalia kianzio, kabla hujaangalia rangi ya simu, chukua kalenda, hata ile ya ukutani, weka alama siku unazopata hela na siku usizopata. Alafu fanya hesabu hii. Tuseme unachukua simu, rejesho ni 1,200 kwa siku. Unaambiwa ni bei ya soda, kweli. Mwezi wenye siku 30 hiyo ni 36,000. Lakini kama kazi yako inategemea mwalo, pale mitumbwi inaposhusha samaki, na kwa mwezi una siku kama 20 za kuingiza hela, ile 36,000 inatoka kwenye siku 20, sio 30. Gawanya, unapata 1,800. Rejesho lako la kweli ni 1,800 kwa kila siku ya kazi, na hiyo ndio namba ya kujiuliza kama unaiweza, ile 1,200 ni namba ya muuzaji. Na ukishaikubali 1,800 basi kila siku ya giza ilipe kweli, ile 600 inayozidi iende mbele, mana kwenye sola na simu nyingi za kulipia kila siku unaweza kulipa siku kadhaa za mbele, na mbalamwezi inakukuta umeshailipia. Anaesubiri mbalamwezi ifike ndio aanze kutafuta 1,200 kila asubuhi ataishia kukopa sehemu nyingine ili alipe hapa, na deni linalolipa deni ndio mwanzo wa kausha damu yenyewe, yani mikopo ya kunyonya mtu mpaka anaisha.

Alafu kuna ziwa kufungwa. Mwaka 2024 Ziwa Tanganyika lilipumzishwa uvuvi kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15, miezi 3 mizima, kwa makubaliano ya nchi zote 4 zenye ziwa yani sisi, Burundi, Kongo na Zambia. Sababu ni nzuri, samaki walikuwa wanapungua na lazima wapewe nafasi ya kuzaliana. Ila kama umechukua kitu cha mwaka mzima mwezi wa 2 bila kufikiria huo muda, una miezi 3 ambayo rejesho linadai na ziwa halitoi. Mtu wa mwalo asichukue deni la muda mrefu mpaka ajue miezi hiyo atalipa kwa kitu gani, kama ana shamba, kama ana mawese, kama ana mtu wa kumpa kibarua. Kama jibu ni "Mungu atasaidia" basi subiri ziwa lifunguliwe ndio uchukue, Mungu atasaidia hata hapo pia.

Mkulima wa Kasulu au Kibondo anaetegemea maharage na mahindi ni hivyo hivyo, hela yake inakuja kwa msimu, kwaiyo rejesho la kila siku linambana vibaya, yeye bora mkopo wa kulipa baada ya kuvuna kupitia chama chake cha ushirika au SACCOS, yani chama cha akiba na mikopo, hata kama kuupata kuna mlolongo. Boda yeye anapata kila siku, rejesho la kila siku linamfaa. Mwalimu na nesi wanajua tarehe yao. Jijue wewe ni nani kati ya hao.

Sasa tuje kwenye aina zenyewe, mana watu wanaziita zote mkopo wa simu wakati tabia zake ni tofauti kabisa, na swali linalozitenganisha ni moja tu, nikikosa kulipa kitatokea nini?

Sola za akina Sun King na d.light, ukikosa kulipa taa inazimika, ukilipa inawaka. Unakaa giza siku mbili tatu, inaudhi, ila kwa kawaida deni halivimbi kila usiku, muda wa kumaliza ndio unasogea mbele. Kwa mtu ambae kipato chake kinapanda na kushuka hii ndio aina ya deni yenye huruma kidogo.

Simu za kulipia kidogo kidogo, ukikosa simu inajifunga. Hapa nataka uelewe uzito wake. Simu ya mtu wa Kibirizi ndio duka lake, ndio benki yake, wateja wa Dar na Mwanza wanapiga humo, bei ya dagaa anaulizia humo. Ikifungwa siku ambayo mzigo uko tayari umepata hasara kubwa kuliko lile rejesho. Kwaiyo ukichukua simu ya namna hii usitupe kitochi chako cha zamani, ile simu ndogo ya batani. Kiweke na chaji. Simu ikifungwa unatoa laini unaweka kwenye kitochi na hela yako unaipata kama kawaida kwa kubonyeza, M-Pesa *150*00#, Airtel Money *150*60#, Mixx by Yas *150*01#, hizo hazihitaji intaneti wala simu ya kisasa. Na unaweza kulipia rejesho humo humo.

Alafu kuna zile za kukuongezea salio ukamilishe muamala, kama Songesha kwa watu wa M-Pesa, au Bustisha kwa watu wa Mixx, na mikopo midogo ya moja kwa moja kama Timiza ya Airtel Money. Hizi ndio zinatumika sana kwa matumizi ya ndani, LUKU imeisha saa 2 usiku, una 3,000 unataka ya 10,000, unabonyeza umeme unawaka. Kwa dharura kama hiyo ni msaada mkubwa sana, sibishi. Lakini ada zake zinaenda na muda, ukikaa nalo siku nyingi linaongezeka, na kitu kikubwa zaidi ni kwamba hela yoyote ikiingia kwenye laini inakatwa hapo hapo kabla hujaigusa. Hata kama sio yako. Chukulia mteja wa Dar amekutumia 150,000 umnunulie dagaa, na ulikuwa na deni la 40,000 kwenye hiyo laini, unabaki na 110,000 na mzigo wa mtu haujatimia. Hapo umeharibu jina kwa mteja, na mteja wa mbali akiondoka harudi.

Kwaiyo hili naliomba kwa kila mfanyabiashara, hata yule wa genge la nyanya Gungu. Tenga laini. Laini ya biashara usiifungulie huduma yoyote ya kukopa, iwe ya kupokea na kulipa mzigo tu. Ya kukopea iwe ile ya nyumbani. Laini 2 kwa jina lako halali kabisa, na ukitaka kujua ni laini ngapi zimesajiliwa kwa namba yako ya NIDA bonyeza *106# uangalie, mana wengine wana laini zimesajiliwa kwa majina yao hawazijui na kuna mtu anazitumia.

Kundi la mwisho ni apu za mkopo unazopakua, zinatangazwa sana Facebook na Instagramu, dakika 5 hela hii hapa. Humu kuna wenye leseni na kuna wasio nayo, na wasio nayo wametesa watu. Mchezo wao unajulikana, unaomba 50,000, inaingia 35,000, wanasema 15,000 ni ada ya huduma, baada ya siku 7 unatakiwa kurudisha 50,000. Yani umetumia 35,000 ukalipa 15,000 juu yake, hiyo ni karibu asilimia 43 kwa wiki moja tu. Ukichelewa siku moja wanaanza kumpigia mama mkwe, bosi, mwalimu wa mtoto, mchungaji, kila alie kwenye simu yako, wanakutangaza mwizi.

Benki Kuu haijakaa kimya. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ni ya mwaka 2018, inataka kila anaefanya biashara ya kukopesha awe na leseni, na wakopeshaji wa daraja la pili ambao hawapokei amana wamewekewa ukomo wa riba wa asilimia 3.5 kwa mwezi. Agosti 2024 ikatoa mwongozo wa wakopeshaji wa kidijitali, na Novemba mwaka huo huo ikatangaza orodha ya apu 69 zinazokopesha bila leseni na kuwaambia watu wasizitumie. Kwaiyo kabla hujapakua, ingia tovuti ya BoT, kuna orodha ya wenye leseni, tafuta jina la kampuni, sio jina la apu peke yake, mana apu inaweza kubadilisha jina leo ikarudi kesho na rangi nyingine. Kama ndani ya apu huoni jina la kampuni wala namba ya leseni, achana nayo hapo hapo, huna haja ya kuchunguza zaidi.

Na ukishapakua angalia inaomba ruhusa gani. Apu ya kukukopesha 30,000 inataka namba zote za kwenye simu yako, picha zako na meseji zako za nini? Kataa. Ikigoma kufanya kazi bila hizo ruhusa umeshapata jibu lako, ifute. Tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na kuna Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi inayopokea malalamiko ya hivi, kwaiyo mtu akisambaza picha yako au deni lako kwenye makundi, piga picha ya skrini kila ujumbe, weka tarehe, usifute kwa hasira. Ushahidi ndio unakusaidia. Kuna na wale wa kukuambia mkopo umekubaliwa ila tuma kwanza 15,000 ya usajili au ya bima, huyo hana mkopo wowote, ni mwizi, usitume, ile meseji yake ipeleke 15040 ambayo TCRA, mamlaka ya mawasiliano, wameiweka kwa ajili ya matapeli.

Sasa matumizi ya ndani yenyewe, unga, mchele, mafuta, mkaa, sabuni, LUKU. Nina kanuni moja hapa na naishikilia kwa nguvu: kitu kinachoisha kabla ya deni lake kuisha usikichukulie deni. Unga wa wiki moja kwa deni la mwezi, maana yake wiki ya 2 unahitaji unga mwingine na deni la unga uliokwisha kuliwa bado lipo. Wiki ya 3 umekula mara 3 na unadaiwa mara 3. Sola inadumu miaka na unailipa mwaka au miwili, sawa. Godoro sawa. Mtungi wa gesi na jiko lake, sawa kabisa, hasa kwa mtu anaenunua mkaa wa kopo kila siku, mana kianzio cha gesi ndio kinachowashinda wengi wakati kujaza tu wangeweza. Sare za shule na madaftari januari, sawa kama kalenda yako inaruhusu, vinakaa mwaka. Lakini chakula cha kila siku kwa deni lenye ada, hapana, isipokuwa ni usiku mmoja wa shida na unajua kesho au keshokutwa unalipa.

Nje huko wameingia sana kwenye hii. Klarna ilianza Sweden mwaka 2005, Afterpay ikaja Australia, Affirm Marekani, mtindo wao maarufu unagawa bei mara 4, robo unalipa papo hapo, zilizobaki kila baada ya wiki 2, na nyingi hazina riba ukilipa kwa wakati mana duka ndio linalipa kamisheni. Ilianza na nguo na viatu, saivi kuna watu Marekani wananunulia chakula cha nyumbani, na ndio hapo wanaoshughulika na madeni ya watu wameanza kupata wasiwasi. Usilinganishe ile na hii yetu. Huku kwetu gharama mara nyingi imejificha ndani ya bei, sio riba inayoonekana.

Ndio mana lazima ujue kuitafuta. Muulize muuzaji maswali haya mbele ya shahidi, bei ya kulipa taslimu ni ngapi, kianzio ngapi, rejesho ngapi, siku ngapi. Alafu toa simu, kikokotoo kipo. Tuseme simu taslimu ni 320,000. Kwa kidogo kidogo kianzio 60,000, rejesho 1,200 kwa siku 365. 1,200 mara 365 ni 438,000, ongeza kianzio inakuwa 498,000. Tofauti ni 178,000. Hiyo 178,000 ndio bei ya kutosubiri. Sisemi ni vibaya, kama simu itakuingizia zaidi ya hiyo ndani ya mwaka basi chukua kwa moyo mweupe, mtu anaeuza mzigo kwa picha za WhatsApp anaweza kuirudisha mapema. Kama ni ya kuangalia video za usiku, subiri, weka ile 1,200 kwenye kibubu siku zile zile, miezi 9 una hela ya taslimu na chenji.

Kuna wakati kukopa kwa ajili ya chakula kunalipa, nao ni pale unaponunua kwa jumla. Hesabu yake ni hii. Mchele rejareja tuseme ni 2,800 kilo, ukichukua kilo 25 kwa mara moja unapewa kwa 2,500. Umeokoa 300 mara 25, ni 7,500. Sasa angalia ada ya mkopo wa kununulia huo mchele mpaka siku utakayomaliza kulipa. Ikiwa 2,000 umefaidi 5,500, safi. Ikiwa 6,000 umebaki na 1,500 na wasiwasi wa mwezi mzima, hapo bora uendelee na kilo kilo. Na mchele ukiwa mwingi ndani kila mtu anapika sufuria kubwa, hilo nalo lihesabu, mama zangu mnanielewa.

Angalia pia hizi za mara kwa mara, ndio zinakula kimya kimya. Mtu anachukua 30,000 kila wiki kwa ajili ya matumizi, ada asilimia 10, ni 3,000 tu anasema. Wiki 52 ni 156,000 kwa mwaka. Hajawahi kukosa kulipa, hajawahi kusumbuliwa, mteja mzuri kabisa, na ametoa 156,000 kwa ajili ya hela ile ile 30,000 inayozunguka. Mtu huyu angejibana mara moja tu akapata 30,000 yake mwenyewe, labda giza likikubali, akaifanya ndio ya kuzungushia, ile ada yote ingebaki ndani. Huo ndio mkakati ninaoushauri kuliko wote: lengo lako la kwanza liwe kuwa na akiba yenye ukubwa sawa na kile unachokopa mara kwa mara. Sio milioni. Ukikopa 20,000 mara kwa mara basi 20,000 ndio lengo. Hata kukopa vocha, ile Nipige Tafu, nayo ni deni lenye makato, anza kuliacha hilo kwanza mana ndio jepesi.

Na usidharau njia zetu za zamani. Daftari la dukani kwa jirani ni kulipa baadae bila riba, na mwenye duka wa Ujiji anajua mbalamwezi kuliko apu yoyote, ukimwambia nitakulipa giza likianza anaelewa bila maelezo. Linachodai ni uaminifu, kwaiyo lipa daftari kwanza kabla ya apu, mana jirani akikuchoka hakuna kampuni itakayokupa unga jumapili usiku. VICOBA nazo, vile vikundi vya kuweka na kukopeshana, sheria imezitambua kama daraja la 4, zina mfuko wa jamii wa shida na riba ya mkopo inarudi kwenye kikundi chenu wenyewe mnagawana mwisho wa mzunguko. Mchezo wa kupeana ukipangiwa zamu yako iangukie mwezi wa shule au kabla ya ziwa kufungwa, umepata hela ya jumla bila kumlipa mtu ada. Ongea na kijumbe, yule anaesimamia mchezo, mapema, zamu zinabadilishana.

Ukiamua kuchukua, chukua moja. Maliza ndio uchukue nyingine. Watu wanaonasa karibu wote wana 3 au 4 kwa mpigo, kila moja ndogo, kila moja inawezekana, zikijumlishwa haziwezekani. Na mwambie mwenzako ndani. Mke anadaiwa simu, mume anadaiwa sola na Songesha, kila mmoja anajua la kwake, siku ya mbalamwezi wote wanategemea hela ya mwenzake ambayo haipo. Kaeni usiku mmoja mkiwa na daftari, andikeni nani anadaiwa wapi na lini, hata kama kutakuwa na maneno kidogo, maneno yataisha.

Kama umeshachelewa, usizime simu. Najua aibu inavyouma, ila kunyamaza kunakupa adhabu na kumbukumbu mbaya, mana taarifa za wakopaji zinapelekwa kwenye taasisi za kumbukumbu za mikopo zilizopewa leseni na Benki Kuu, na siku ukienda benki kuomba mkopo wa maana unakuta jina lako limechafuka kwa deni la 15,000. Piga huduma kwa wateja, sema nafanya kazi mwaloni, hela yangu inaanza kuingia tarehe fulani, naomba mnisogezee au nilipe nusu saivi. Sio wote wanakubali, ila wapo wanaokubali, hasa kama umepiga kabla ya tarehe yenyewe. Omba wakutumie kwa meseji walichokubali, maneno ya kwenye simu hayatoshi. Ukiwa na madeni kadhaa lipa kwanza lile linaloongezeka kila siku, sola iache izimike kwa muda, kibatari hakidai ada. Na usikope kwenye apu ya kausha damu kulipia yenye leseni, hata kama tofauti ni siku 2.

Ukifika rejesho la mwisho usishangilie ukaondoka. Tunza meseji zote za malipo mpaka kila kitu kimefungwa. Kwa simu, subiri uone kufuli limeondolewa kabisa, izime uiwashe, na kama bado inakudai rudi pale ulipoichukulia na zile meseji zako. Kwa sola omba namba za kufungulia moja kwa moja. Kwa apu ya mkopo hakikisha salio la deni linasoma 0, omba barua au meseji ya kuthibitisha umemaliza, alafu nenda kwenye mipangilio ya simu uondoe ruhusa ulizotoa, futa na akaunti yenyewe kabla ya kuifuta apu, mana ukifuta apu tu taarifa zako bado ziko kwao. Ile meseji ya uthibitisho ipige picha umtumie na mwenzako aihifadhi kwake, simu za mwaloni zinaangukaga ziwani.